Mkebe wa Tano

Mwanaisha alinipa kaseti ikiwa imefungwa ndani ya leso, mafundo mawili, kama mtu anavyofunga sufuria ya chakula cha mgonjwa. Ilikuwa siku ya arubaini ya mama yake, Bi Tatu, nyumbani kwao Majengo, Thika, na wanawake walikuwa bado uani wakigombana na kuni mbichi. "Alisema ni yako," akaniambia. "Alisema fundi wa hii ni wewe." Niliifungua hapo hapo nikiwa nimesimama. Plastiki ilikuwa imekwaruzika na kidirisha chake kimeingia ukungu, lakini mwandiko kwenye kibandiko ulikuwa wangu, wa kalamu nene, herufi za msichana aliyeishia darasa la nane na bado alitaka dunia ijue kwamba mkono wake ni mzuri: ILE YA TANGI, YA BI TATU. USIREKODI JUU YAKE. Siku hizi sina hata mashine ya kuichezesha. Ya mwisho niliyokuwa nayo watoto wangu waliifungua wakitafuta sumaku. Nilikaa mkekani, kaseti mapajani, na kabla chai haijafika nilikuwa nimesharudi Ruiru.

Mwaka ule, katikati ya miaka ya tisini, nilikuwa na miaka ishirini. Nilikuwa nimepanga chumba kimoja mtaani Kiuu, ukuta wa mawe upande mmoja na wa mbao upande wa pili, na kupitia zile mbao nilijua habari zote za jirani: nani amekosana na nani, maharagwe yamechacha, mtoto amekataa kuoga. Chakula changu kilikuwa githeri ya Jumapili ikipashwa moto hadi Jumatano, na sikumbuki kuhuzunika hata kidogo. Nilikuwa mtu wa ndoto. Niliamini kwamba siku moja sauti yangu itasikika ndani ya filamu, sijui ya nani wala kwa lugha gani, na nilipokuwa nikisugua sufuria nilijisimulia mambo kwa sauti hadi jirani anagonga mbao: "Shiku, huyo jamaa alishika mwizi ama hakushika? Niambie nilale!" Kazi yangu ilikuwa kwa Karis, kwenye laibri yake ya video, duka la kuazimisha kaseti, karibu na reli. Treni ikipita, kaseti zilitetemeka kwenye rafu zikigongana kama meno ya mtu mwenye baridi. Nilirudisha kaseti mwanzo, maana wateja hawakurudisha hata ukiwabandikia bango. Nilipangusa kichwa cha deki, ile mashine ya kuzichezesha, kwa spiriti na pamba. Niliandika vibandiko. Na jambo ambalo sikuajiriwa kulifanya, niliwasimulia wateja hadithi hadi wengine wakaondoka bila kuazima kitu, wameshashiba. Karis alikuwa mtu mpole aliyejifanya mkali. "Shiku," angesema, "ukiwapea firamu yote kwa mdomo, mimi nitauza nini? Popcorn?"

Bi Tatu alikuja Jumanne moja. Alikuwa fundi wa nguo, anashona sare za shule, na kila Jumanne alileta mzigo wa marinda kwa shule moja ya Ruiru, Mwanaisha akimshika kiwiko kwa sababu macho yalikuwa yanamwacha. La kushoto lilikuwa limeshazima. La kulia, alisema, lilikuwa linaona dunia kama mtu anayechungulia kwenye tundu la kitasa. Alikuwa mwanamke mrefu, mwenye kanzu ya maua na maneno yasiyo na breki. Aliegemea kaunta yetu, akauliza kama tunayo ile filamu ya zamani ya watu walio angani na tangi kubwa la maji, na ndani ya tangi mna dude.

Mimi na Karis tuliangaliana. Kila laibri ilikuwa nayo Ile ya Tangi. Jina lake la Kizungu lilikuwa refu na hakuna aliyelitamka, lakini hadithi tuliijua. Chombo kinasafirisha maji kati ya nyota. Mtu akienda kuchota, harudi. Anabaki mwanamke mmoja fundi wa pampu na mtoto wa kike wa nahodha. Mwishoni mwanamke anamsukuma mtoto kwenye chombo kidogo, anajifungia yeye na dude nyuma ya mlango wa chuma, na kamera inautazama mlango huo mpaka ukose raha. Halafu maandishi yanapanda.

"Hapana," Bi Tatu akasema. "Huo si mwisho. Maandishi yakipanda ngoja kwanza. Baadaye yule mwanamke anatoka majini na mtoto mkononi. Anatoka mzima. Uso wake unajaa sinema yote, maji yanamtiririka hapa, na anapumua hivi." Akapumua, haaa, kama mtu aliyeibuka kisimani. Wateja wawili wakageuka. "Niliiona kwa macho yangu mawili, hapo Thika, na marehemu mume wangu Saidi ameketi kando yangu. Laibri za Thika zote nimeazima. Zote wamekata."

Mwanaisha alikuwa anatazama viatu vyake. Alikuwa rika langu, na siku hiyo nilidhani anaona aibu. Nilipowasindikiza hadi barabarani ndipo Bi Tatu alipomtuma binti yake kununua ndizi, akanishika mkono. Baada ya wiki nne angepasuliwa jicho la kulia, na daktari amemwambia waziwazi kwamba hawezi kumwahidi kitu. "Mwanangu, mimi kabla ya huyu nilizika wawili," akasema. "Wa kwanza siku saba, wa pili hata siku saba hakufika. Mimba ya huyu ilipofika miezi minane sikuwa nimemshonea hata kitambaa. Mimi, fundi! Watu wakileta vitambaa vya watoto wao navikata, navishona, wangu sigusi. Saidi akanipeleka sinema nipunguze mawazo, na mwanamume hajui kuchagua, akanipeleka kwenye dude. Nikalia. Yule mwanamke alipofungiwa nikasema, basi, ndivyo ilivyo. Halafu akatoka, na mtoto. Niliporudi nyumbani jioni ile ile nikaketi kwenye cherehani, nikashona gauni. Hilo gauni ndilo alilovaa huyu." Akashusha sauti, kwa sababu Mwanaisha alikuwa anarudi na ndizi. "Nataka nimwone yule mwanamke mara moja tu. Kama jicho litafungwa, lifunge likiwa limemwona."

Karis alinicheka nilipomwambia kwamba ndio, tutautafuta huo mwisho, na kisha yeye mwenyewe akatoka kwenda kuazima nakala kwa watu. Siku tatu baadaye tulikuwa na kaseti tatu za Ile ya Tangi juu ya kaunta, na saa za mchana, wateja wakipungua, tuliziangalia moja baada ya nyingine tukila chapati na madondo kutoka kwa mama wa kibanda cha pili. Siwezi kula madondo hadi leo bila kusikia ule mlango wa chuma ukifunga. Ya kwanza ilikuwa imerekodiwa kutoka kwenye televisheni, na sauti yake ilikuwa safi kuliko zote, unasikia tone la maji likianguka. Lakini mtu aliyeirekodi alikuwa anabonyeza kitufe kila tangazo likija na anachelewa kukibonyeza tena, kwa hiyo watu wawili walikufa bila sisi kujua wamekufaje, na maandishi yalipoanza tu kupanda, msomaji wa habari akatokea na tai yake. Ya pili ilikuwa nakala ya nakala ya nakala, kutoka Nairobi. Rangi ilikuwepo, ila giza lake lilikuwa zito hadi dude na ukuta ni kitu kimoja. "Hapa dude linakuja," Karis anasema. "Wapi?" "Sijui, lakini muziki umebadilika." Utepe wenyewe uliisha mlango ukiwa bado haujafungwa vizuri.

Ya tatu ilitoka Amerika, ya kaka wa mteja mmoja wa Murera, ikiwa kwenye jalada lake la asili, na hiyo ndiyo tuliyoiwekea tumaini. Lakini kaseti za kule na mashine za huku hazikuelewana. Ukiiweka, picha inakuja bila rangi hata kidogo, na inapanda juu, inapanda juu, kama mtu anavuta pazia. Karis alizunguka nyuma ya televisheni, akazungusha kile kipini kidogo kwa ncha ya kisu hadi picha ikasimama. "Simama hapo hapo, usipumue karibu nayo!" Tuliitazama yote. Haikukatwa popote. Mlango ukafunga, maandishi yakapanda hadi jina la mwisho kabisa, la mtu aliyepika chakula cha waigizaji sijui, na baadaye giza. Tukangoja. Tukangoja hadi utepe ukafika mwisho na deki ikaanza yenyewe kuurudisha. Hakuna mwanamke aliyetoka majini. Yaani alikuwepo, ndiyo, lakini mapema: kabla ya mwisho kuna mahali mtoto anatumbukia tangini, mwanamke anamrukia, na wanatoka pamoja. Halafu ndio mambo ya mlango. "Yule mama alichanganya," Karis akasema, si kwa ubaya. "Miaka imekuwa mingi. Alipenda hapo, akapaweka mwisho." Nami nikaona huenda ni kweli, na moyo ukaniuma kana kwamba mimi ndiye niliyemfungia mwanamke huyo mlango.

Sikuweza kumwambia. Jumanne iliyofuata Bi Tatu alipokuja nilimkalisha kwenye kreti la soda mbele ya televisheni, nikasema tunajaribu tu, achague ni nakala gani jicho lake linaipenda. Ya televisheni akaona matope. Ya Nairobi hakuona kitu. Nilipoweka ya Amerika, ile mbovu, isiyo na rangi, aliinama mbele, akanyamaza, na kwa Bi Tatu kunyamaza ilikuwa habari kubwa. "Rangi ndizo zinazonichanganya," akasema polepole. "Hii naona. Huyu ana kovu shavuni? Ee? Sikumbuki kovu." Ndipo nilipojifunza jambo ambalo Karis, na mashine zake zote, hakuwahi kunifundisha: kaseti nzuri ni ile ambayo mtu fulani anaweza kuiona. Mwanaisha alinifuata mlangoni. "Shiku, haki niambie ukweli. Huo mwisho upo?" Nikamwambia sijauona. Hakushangaa. Alisema kuna mzee mmoja, Njoroge, anayetengeneza redio karibu na soko la Thika, zamani ndiye aliyekuwa anaendesha mashine ya sinema, watu bado wanamwita Fundi Sinema. "Baba naye alikuwa fundi wa nguo, alikuwa anamshonea. Kama kuna mtu wa kuuliza, ni huyo. Mimi sijamuuliza kwa sababu..." Akainua mabega. Kama mtu angeniambia kwamba nilizaliwa kwa sababu ya filamu, mimi pia nisingeharakisha kwenda kuikagua.

Fundi Sinema alikuwa mzee mfupi mwenye miwani iliyofungwa kwa waya wa shaba, kibandani mwake redio zimefunguliwa matumbo. Nilipotaja Ile ya Tangi aliweka chuma cha kuchomea chini. Nilipotaja Bi Tatu wa Majengo, alitazama kulia na kushoto. "Wewe ni wa nani?" akauliza. "Si wa mtu, baba. Nafanya kazi kwa laibri." "Aiya. Kaa hapo." Nikakaa juu ya betri ya gari. Alisema, bila kunitazama, kwamba filamu zilikuwa zinakuja kwa mikebe, mikebe sita kwa filamu moja, na Nairobi na Thika waliazimana nakala moja siku ile ile. Nairobi wakimaliza mkebe wa kwanza, unapakiwa kwenye pikipiki unakuja Thika, kisha wa pili, kisha wa tatu. "Mwenye pikipiki alikuwa kijana anaitwa Gitau. Hajawahi kuchelewa. Jumamosi hiyo, onyesho la saa tisa, nimefika mkebe wa nne, wa tano hauko. Kumbe Gitau alipakia wa sita, akausahau wa tano Nairobi. Ameleta wa sita, ameona kosa, amerudi mbio, na Ruiru hapo pikipiki ikapata pancha. Na mimi huku ukumbi umejaa. Watu wa Thika, mwanangu! Dakika mbili za giza wanaanza kung'oa viti. Ningefanya nini? Nikaweka wa sita."

"Ukaonyesha mwisho kwanza."

"Nikaonyesha mwisho. Mlango ukafunga, maandishi yakapanda, watu wakaanza kusimama, na hapo Gitau akaingia na mkebe wa tano kifuani kama mtoto. Ningewaambia nini, rudini nyumbani na kipande hamjaona? Wamelipa. Nikauweka. Nikapiga kelele kupitia kidirisha cha chumba cha mashine: kaeni, kaeni chini, bado! Wakakaa. Na wakapiga makofi hata kuliko kawaida. Walidhani amefufuka." Akavua miwani, akaifuta kwa shati. "Miaka ishirini sijamwambia mtu. Fundi wa sinema aliyegeuza filamu! Hata mke wangu hajui. Mtu mmoja tu ndiye aliyejua."

Nikamuuliza nani, ingawa nilikuwa nimeanza kujua. "Saidi," akasema. "Jumapili alirudi peke yake. Aliipenda, alitaka kuiona tena. Na Jumapili mikebe ilikuja sawa. Alipotoka alipanda ngazi hadi chumbani kwangu, nikajua nimekwisha, ataniripoti. Akaniambia, 'Fundi, jana ulikosea.' Nikasema, 'Saidi, nisamehe.' Akasema, 'Sikiliza. Jana jioni mke wangu ameshona nguo ya mtoto. Wewe hukukosea. Umesikia? Hukukosea.' Tangu siku hiyo hadi alipokufa alinishonea suruali zangu zote. Kazi yangu kufunga mdomo, yake sindano."

Niliondoka hapo nikitembea kama mtu aliyebeba mayai. Njia nzima nilikuwa nalia na kucheka, na watu wa soko walinipisha. Nilikuwa na ukweli wote sasa na sikujua pa kuupeleka. Nikimwambia Bi Tatu kwamba filamu haikuisha hivyo, nitakuwa nimemnyang'anya kile Saidi alichomtunzia mpaka akaingia nacho kaburini. Nikimwambia tu "haipo," ataingia chumba cha upasuaji akidhani ni kichwa chake kilichomdanganya. Karis, nilipomweleza, alitafuna chapati hadi ikaisha ndipo akasema. "Lakini Shiku, huyo mama hajasema uongo. Hiyo ndiyo firamu iliyoonyeshwa Thika. Iko tu haina kaseti." Tukatazamana. Deki tulikuwa nazo mbili, waya tulikuwa nao, na kazi yetu ya kila siku, Mungu atusamehe, ilikuwa kunakili.

Fundi Sinema alikuja Ruiru mwenyewe, amevaa koti. Alikataa chai. Aliketi mbele ya ile nakala ya Amerika na kutuonyesha kitu ambacho mimi, kwa miaka yote ya kutazama, sikuwahi kukiona: pembeni juu, upande wa kulia, kiduara kidogo kinamemeteka, kinatoweka, kisha kinarudi tena kwa ukonyezo wa jicho. "Hiyo ndiyo alama ya kuniambia mkebe unakwisha, niwashe mashine ya pili. Hapo! Wa nne umeisha." Tukasimamisha. Mkebe wa tano ulianza mtoto akitumbukia na kuishia mwanamke akimpangusa mtoto uso kwa mkono wa shati. Tukanakili kuanzia mwanzo hadi mwisho wa wa nne, tukaruka hadi wa sita, mlango, maandishi yote hadi la mpishi, na baada ya hapo wa tano. Mara mbili treni ilipita katikati tukaanza upya. Kwenye kila kiungo palibaki chembechembe nyeupe kama theluji, kufumba na kufumbua. Fundi Sinema alipoona mwanamke yule akiibuka baada ya maandishi, alisimama. "Ĩĩ," akasema kwa sauti ndogo. "Ilikuwa hivyo."

Tuliiangalia Majengo, Jumapili mchana, siku tano kabla ya upasuaji. Nakikumbuka kile chumba kuliko vyumba vingi nilivyolala ndani yake: cherehani imefunikwa shuka, viti vyenye vitambaa vya kufumwa, blanketi mbili dirishani, na joto lililonukia tangawizi. Bi Tatu alikuwa amekaanga viazi karai na kaimati sinia nzima. Televisheni Karis aliibeba kutoka Ruiru, akaiweka juu ya meza ya kukatia vitambaa. Fundi Sinema alikataa kuingia, akaketi kwenye kizingiti akiutazama uchochoro, lakini sikio lake lilikuwa ndani. Bi Tatu alisogeza kiti mpaka magoti yake yakagusa meza. Dude lilipotokea alilitukana kwa lugha iliyomfanya Mwanaisha aseme, "Mama, leo ni siku ya wageni!" Mlango ukafungwa. Maandishi yakaanza kupanda, na Mwanaisha, ambaye hakujua kitu kwa sababu nilikuwa sijathubutu kumwambia, akainuka kufungua dirisha.

"Kaa," mama yake akasema. "Kaa chini, bado."

Majina yakapanda, yote, hadi la mpishi. Zikaja zile chembe nyeupe. Halafu maji, mtoto akitumbukia, mwanamke akiruka, na maji yakifunga juu yao kwa muda ambao ulikuwa mrefu kuliko nilivyowahi kuuona kazini. Akaibuka. Uso wake ulijaa kioo kizima, mweupe na mweusi, maji yakitiririka, na Bi Tatu alikuwa ameinama karibu hadi pumzi yake ilifanya ukungu kwenye kioo, akaufuta kwa mtandio, ukarudi, akaufuta. Mkono wake wa kushoto alikuwa ameuweka kwenye kiti kitupu kilichokuwa kando yake, kiganja juu. "Lakini huyo mtoto si alikuwa ameshaondoka na chombo?" Mwanaisha akauliza. "Mbona sasa yuko ndani ya tangi?" Bi Tatu hakugeuka. "Watoto hawasikii," akasema.

Aliniita uani baadaye, kuosha vyombo, akafunga mlango. "Wanjiku," akasema, kwa jina langu kamili, "hii umeishona."

Sinia ilinitoka mkononi.

"Mimi ni fundi wa nguo. Jicho langu bovu lakini mshono nauona. Pale penye weupe, pameungwa. Nani alikuonyesha pa kukata?" Sikuwa na uwezo wa kumdanganya mtu kama yule. Nikamweleza kila kitu, mkebe uliosahaulika, pancha ya Ruiru, Saidi kurudi Jumapili, Saidi kupanda ngazi. Nilikuwa nategemea machozi. Mabega yakaanza kumtikisika, na nilipomshika nikakuta ni kicheko. "Suruali!" akasema. "Miaka yote! Namuuliza, Saidi, huyu mtu wa sinema ana nini, kila Idi suruali, kila Krismasi suruali, na miguu yenyewe mifupi namna ile? Ananiambia, 'Ni rafiki.' Nikadhani wanakwenda mahali pabaya pamoja! Nikamnunia mwezi mzima!" Akacheka hadi akashika ukuta, na hapo ndipo machozi yalipokuja, na akayaacha. Halafu akafungua mlango, akapaza sauti kizingitini: "Wewe Njoroge! Ingia ule kaimati. Na uniletee hiyo suruali uliyovaa, pindo limefumuka."

Upasuaji haukuliokoa jicho. Aliishi gizani miaka mingi baada ya hapo, na alishona karibu hadi mwisho, kwa vidole. Mimi niliondoka Ruiru, laibri ikafungwa, Karis akahamia Kalimoni kufuga kuku. Sauti yangu haikuwahi kuingia kwenye filamu. Ninawasimulia wajukuu, nao huniambia niharakishe. Kila mwaka siku ya kuzaliwa kwa Mwanaisha, nasikia, Bi Tatu aliiweka kaseti ile, akaisikiliza yote akiwa ameelekeza uso kwenye kioo, na hakuruhusu mtu kuinuka kabla ya maji. Deki ilipoharibika wakampelekea fundi, ilipokufa kabisa aliendelea kuishika kaseti tu.

Hayo ndiyo niliyokuwa nikiyawaza mkekani siku ya arubaini, Mwanaisha alipoketi kando yangu akishika simu. Nywele zake sasa zina mvi kama zangu. Alinong'ona kwamba wiki iliyopita, kwa kumkumbuka mama, aliitafuta Ile ya Tangi kwenye simu, na akaipata, imesafishwa, ina rangi zote, inang'aa. "Inaisha mlangoni," akasema. "Nimeangalia hadi jina la mwisho." Nilihisi sinia ile ikinitoka mkononi kwa mara ya pili. Nikaanza kutafuta maneno, na nilijua jinsi Saidi alivyojisikia Jumapili ile aliporudi kutoka sinema na ukweli wake akakuta cherehani inalia. Lakini Mwanaisha alinigusa goti, uso wake umetulia, jicho moja limejikunja kidogo kama la mama yake alipokuwa anatunga uzi. "Nilijua tangu nilipouliza mtoto amefikaje tangini," akasema. "Kuta za uani ni za mabati, Shiku. Mlicheka kwa sauti sana." Hakuwahi kumwambia mama yake kwamba anajua.

Dua ikaisha. Wageni wa mbali walianza kuokota viatu, nami pia nikainuka nusu, maana Thika ya siku hizi na msongamano wake si ya kuchelewa. Mwanaisha alikuwa amefika mlango wa jikoni, sinia ya kaimati mikononi, mvuke ukimpanda usoni.

"Kaeni," akasema. "Kaeni chini, bado."

Tukakaa.